Ua lina saa yake: kutunga tanzia kwa mimea ya uani

Mashairi mengi ya rambirambi yanayosambazwa kwenye simu siku ya msiba yana sura moja. Marehemu ni ua, kifo ni upepo, waliobaki ni machozi. Nimeunda mfano huu kwa ajili ya maelezo tu:

Wewe ulikuwa ua, zuri lenye kunukia,
Kifo kimekuchukua, sote tunakulilia.

Kikanuni mishororo hii haina kasoro. Kila kipande kina mizani minane, vina vya kati vinaitikiana na vya mwisho vivyo hivyo. Ila marehemu wake hana uso. Unaweza kumwimbia mzee wa Lamu au mtoto wa Bukoba na usibadilishe hata silabi. Ni ua gani? Lilichanua saa ngapi? Nani alikuwa akilichuma, na akilipeleka wapi? Tanzia, yaani shairi la maombolezo, isiyojibu maswali hayo wafiwa huipokea kwa adabu, kisha hakuna anayeikumbuka.

Ninachoshikilia ni hiki: mmea unaoingia katika tanzia uwe na jina lake, uwe na saa au msimu wake, na uwe umepita mikononi mwa marehemu. Hayo matatu yakitimia, huzuni haihitaji kutajwa sana, kwa sababu msomaji ataiona ilipo.

Mfano mkubwa tunao. Shaaban Robert alipomlilia mkewe Amina, naye alimfananisha na ua. Lakini hakuishia kusema ni ua zuri. Alisema ua hilo limefunga baada ya kuchanua. Kuna vitendo viwili mle, kimoja baada ya kingine, na kati yake kuna ndoa nzima. Ua lisilotenda kitu ni pambo tu.

Tabia za mimea, na nani anafaa kuliliwa kwa mmea gani

Asumini huchumwa alasiri, ikiwa bado tumba. Magharibi ikiingia tumba hufumbuka, harufu hupanda usiku, na kesho yake asubuhi ua limelegea na kuanza kugeuka kahawia. Anayetunga kikuba, kishada cha maua na majani ya kunukia, Unguja au Mombasa, akichanganya asumini na mrehani, kilua na mkadi, anafanya kazi na ua ambalo bado halijanukia. Anaamini tu kwamba litanukia baadaye, likiwa limeshatoka mtini. Hapo mtunzi amepata mambo mawili bila kulazimisha: harufu huja baada ya kuchumwa, na uhai wa ua ni usiku mmoja. Ukiandika kwamba asumini inanukia adhuhuri jua likiwa utosini, kila mama wa pwani atajua kwamba hujawahi kukaa nayo karibu.

Mlangilangi ni kinyume chake. Ua lake huning'inia likiwa kijani, na kwa muda mrefu halina harufu ya maana. Linahitaji wiki kadhaa hadi ligeuke manjano, ndipo linapokuwa na harufu kamili, na wachumaji hulifuata alfajiri kabla jua halijapanda. Huu ndio mti wa kumlilia mwalimu mzee, au bibi aliyejulikana wema wake uzeeni. Usiupeleke kwa kijana.

Mrehani hauna haja ya ua. Harufu yake iko kwenye jani, na jani halikupi kitu mpaka uliguse. Kwa mtu mkimya ambaye hukujua thamani yake mpaka ulipokuwa na shida ukamwendea, sioni mmea unaomfaa zaidi ya huu. Ukiachwa utoe maua na mbegu, shina lake hukakamaa na majani hupungua, ndiyo maana wenye mrehani uani hukata vichwa vya maua kila mara. Kidole kinachokata vichwa hivyo asubuhi ni taswira tosha ya ubeti mzima.

Karafuu inataka tahadhari. Huchumwa kabla haijafunuka, na ikishafunuka thamani yake imeshuka. Mtunzi wa Pemba anayemlilia mtoto mchanga ataona mara moja kilichomo humo:

Karafuu ya kuchumwa, haingoji kufunuka.

Ni mshororo mzito, na kwa sababu hiyo unaweza kujeruhi. Ukisemwa mara moja, ukafuatwa na kimya au na dua, mama wa mtoto atausikia kama kilio cha mwenzake. Ukifanywa kibwagizo ukarudi mara saba, utaanza kusikika kama hoja, kwamba mtoto alichumwa kwa wakati wake na hakuna la kusikitikia. Mfiwa hakuomba hoja. Taswira yenye faraja ndani yake itumie mara moja tu.

Mnazi una kilele kimoja. Hauna matawi ya kuanzia upya. Mdudu chonga akitoboa kilele hadi kwenye moyo, au mtu akikikata, mti mzima umekufa hata kama shina litasimama kwa miezi. Shina hilo lililosimama bila makuti linafaa kwa nyumba iliyofiwa na aliyekuwa akiitegemeza. Watu huona mti wima na kudhani upo.

Kwa upande wa bara mambo ni mengine, na mtunzi wa bara asiazime asumini ya pwani kwa kudhani ndiyo ya kishairi. Katika vibanja vya Wahaya na vihamba vya Wachaga, yaani mashamba ya migomba yanayozunguka nyumba, watu wengi huzikwa nyumbani, ndani au kando ya migomba. Mgomba mmoja huzaa mkungu mmoja, kisha shina hilo limemaliza kazi na hukatwa, huku machipukizi yameshatoka chini yake. Kwa mzazi aliyeacha watoto, mgomba unasema kila kitu. Utenzi unauchukua vizuri kwa mishororo yake mifupi ya mizani minane:

Mgomba umeshazaa,
Majani yamesinyaa,
Wanawe wamezagaa,
Wameshikana shinani.

Ona kwamba sikutaja mama, wala kifo, wala kaburi. Msikilizaji aliyekaa kwenye kibanja ameshajua. Kilimanjaro kuna masale pia, mmea wa mipaka, wa kuombea msamaha na wa makaburini. Tawi la masale mkononi mwa mtu aliyechelewa kupatana na ndugu yake ni tanzia ambayo haihitaji maelezo mengi. Na mkahawa, mvua za kwanza zikinyesha, huchanua mweupe mti mzima kwa pamoja, na baada ya siku chache maua yamekwisha. Faida yake kwa mtunzi ni kwamba shamba lote hupoteza maua kwa wakati mmoja, kwa hiyo mkahawa unaufaa msiba wa wengi, kama ajali au gonjwa, kuliko msiba wa mtu mmoja.

Miti miwili zaidi. Mbuyu, ambao pwani huukuta mara nyingi karibu na magofu na makaburi ya kale, hufumbua ua lake jeupe jioni, popo hulitembelea usiku, na kesho yake limeanguka. Harufu yake si nzuri, na mtunzi mkweli hatasema inanukia. Mkungu nao, mti wa kungu na si mkungu wa ndizi, majani yake hugeuka mekundu kabla ya kudondoka, kiasi kwamba mti huonekana umependeza zaidi ukiwa unaachilia. Ukiutumia, kumbuka kwamba huku kwetu majani kupukutika ni jambo la ukame. Vuli ni mvua na machipukizi. Tanzia inayomwaga majani makavu katikati ya vuli imeandikwa kwa kalenda ya nchi za baridi.

Kutoka kwenye daftari hadi ubeti

Usianze na shairi. Anza na orodha. Kwa siku kadhaa andika vitu alivyogusa marehemu, kimoja kwa mstari, bila sifa yoyote. Mkebe wa kumwagilia uliotoboka. Kamba ya kufungia mpea. Kisu cha mrehani. Saa aliyotoka uani. Usiandike "alikuwa mkarimu". Andika alimpa nani nini. Orodha ikifika vitu ishirini hivi, mistari mitatu minne itakuwa na uzito kuliko mingine, nayo ndiyo beti zako. Mtunzi wa utenzi wa Al-Inkishafi, Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, alipotaka kuonyesha kuanguka kwa mji wa Pate hakuishia kusema dunia inapita. Alitaja vidaka vya ukutani vilivyokuwa na sahani, ambamo sasa ndege wamelaza makinda yao. Kidaka, sahani, kinda: vitu vitatu vinavyoshikika, na mji mzima umeshaanguka.

Kisha tunga kituo, yaani mshororo wa mwisho wa ubeti, kwanza. Wengi huanza na mshororo wa kwanza, wanafika wa nne wakiwa wameishiwa vina, nao hujaza kwa neno lolote linaloitikia. Kituo ndicho msikilizaji anachobaki nacho, kwa hiyo kipewe nafasi ya kuchagua vina vyake, na mwanzo, mloto na mleo, yaani mishororo ya kwanza, ya pili na ya tatu, vikifuate. Huu hapa ubeti wa tarbia, wa mishororo minne, uliotungwa kutoka chini kwenda juu:

Asumini ina zamu, jua linapoanguka,
Yatoa yake salamu, usiku ukishafika,
Asubuhi haidumu, chini imepukutika,
Nawe bibi marehemu, harufu haijatoka.

Kituo kilikuja na neno "marehemu", ambalo lilikuwa lazima liwemo. Hivyo kina cha ukwapi, yaani kipande cha kwanza cha mshororo, kikawa -mu, na hapo zamu, salamu na haidumu zikajileta. Utao, kipande cha pili, ulimalizika kwa "haijatoka", kina kikawa -ka. Mishororo mitatu ya juu haisemi lolote ila tabia ya asumini, kwa mfuatano wa saa: jua kuanguka, usiku, asubuhi. Mshororo wa nne ndio pekee unaomgusa marehemu, nao unampa kile ambacho ua halina. Ubeti ungemtaja bibi toka mwanzo, mshororo wa mwisho usingekuwa na pa kwenda.

Kuhesabu mizani ni kuhesabu silabi zinazotamkwa, si herufi. Palipo na m inayosimama peke yake, hiyo ni mizani kamili: m-ti ni mbili, m-re-ha-ni ni nne, m-ka-ra-fu-u ni tano. N ya "nchi" nayo huhesabiwa. Lakini mwa-na ni mbili na ndu-gu ni mbili, maana pale midomo haitulii kati ya konsonanti. Irabu mbili zinazofuatana ni mizani mbili: ma-u-ti, ju-a, ka-ra-fu-u. Maneno ya asili ya Kiarabu yenye konsonanti mbili pamoja, kama "alfajiri" na "dhikri", ndiyo yanayoleta ugomvi. Amua mapema kama utayatia irabu au utayasoma yalivyo, kisha usibadilishe njiani. Usipokuwa na hakika, ghani ubeti kwa sauti huku ukigonga meza. Penye upungufu ulimi utavuta, penye ziada utakimbia.

Ruhusa za kishairi zipo na zitumike, ila kwa kiasi. Inkisari hupunguza silabi: "niliyemwona" huwa "nilomwona". Mazida huongeza: "afya" huwa "afiya". Kuboronga sarufi hupindua mpangilio, kama "yatoa yake salamu" hapo juu badala ya "yatoa salamu yake", ambayo ingeharibu kina. Katika shairi la mahaba au la siasa ruhusa hizi huonyesha ufundi. Kwenye tanzia zikizidi, msikilizaji huanza kumwona mtunzi badala ya marehemu. Upinduzi mmoja kwa ubeti unatosha, na mshororo wa kituo nauona bora ukiwa na sarufi iliyonyooka, kama mtu anavyosema.

Vina vyepesi ni mtego mwingine. Kina cha -ni kinapatikana kwa kutia tu kiambishi cha mahali kwenye nomino yoyote: kaburini, moyoni, machoni, duniani. Kina cha -a hupatikana kwa vitenzi vingi. Hata -ka ya ubeti ule wa asumini ni ya bei rahisi. Kina kilichopatikana bila kutafutwa huvuta wazo ambalo nalo halikutafutwa, na ndipo moyoni, machoni na duniani zinapojaa katika shairi moja. Dawa yake si kukimbia -ni kabisa. Ni kuhakikisha kila mahali panapotajwa ni mahali pa kweli. Huu ni ubeti wa pili wa shairi lilelile, na kituo kimebaki kama kibwagizo:

Kanga zako zina hamu, zimekunjwa sandukuni,
Tukizishika kwa zamu, twazisogeza usoni,
Udi wako wa kudumu, umeingia nyuzini,
Nawe bibi marehemu, harufu haijatoka.

Sandukuni, usoni, nyuzini. Ni -ni tatu, lakini mkono unaenda mahali patatu, kila mara karibu zaidi. Na kibwagizo, ingawa maneno hayajabadilika, kimebadilika maana. Katika ubeti wa kwanza harufu ilikuwa ya kulinganisha na ua. Sasa ni harufu halisi, ya udi kwenye kanga. Hicho ndicho kipimo cha kibwagizo: kila kinaporudi kiwe kimeongeza kitu. Kama kinasema jambo lilelile ubeti wa tano kama ulivyosema wa kwanza, kiondoe na uache kila ubeti na kituo chake.

Kosa ambalo hulikuta hata kwa watunzi wazoefu ni kumfanya marehemu vitu vinne ndani ya ubeti mmoja. Mshororo wa kwanza ni ua, wa pili ni taa, wa tatu ni nguzo, wa nne ni jahazi lililozama. Kila taswira inafuta iliyotangulia. Ubeti mmoja, mmea mmoja. Hata shairi zima la beti sita linaweza kukaa kwenye mmea mmoja likiufuata kutoka kupandwa hadi kukatwa, na mara nyingi ndilo linalodumu.

Anayependa shairi huru lisilo na vina wala mizani ya kuhesabu, sina ugomvi naye. Mvutano wa wanamapokeo, waliotetea vina na mizani, na wanamapinduzi, waliotetea shairi huru, wa miaka ya 1970 umeshatupa mashairi mazuri pande zote mbili. Ila ajue kwamba katika msiba vina vina kazi ya ziada: vinawawezesha waombolezaji kuitikia kituo pamoja, hata wale ambao hawakuona maandishi. Shairi huru linabaki kwa msomaji mmoja na ukurasa wake. Litumie kwa tafakuri ya baadaye.

Imani isimame wapi

Vitabu vyenyewe vinafundisha namna ya kutumia mimea. Suratul Hadid, aya ya 20, inaufananisha uhai wa dunia na mvua ambayo mimea yake huwafurahisha wakulima, kisha hukauka ukaiona ya manjano, kisha huwa makapi. Kuna hatua mle, na kuna rangi. Zaburi ya 90 inataja majani yanayoota asubuhi na kukatwa jioni. Hata huko ua na majani vimepewa saa zao. Ayubu, sura ya 14, anasema mti uliokatwa una matumaini ya kuchipuka, kisha anauliza habari za mwanadamu, ambaye hufa akalala. Ukilitumia wazo la Ayubu usikate nusu ya kwanza ukaacha ya pili, maana nguvu yake iko kwenye kutofanana kwa mti na mtu.

Mipaka ya kilio inatofautiana, na mtunzi aijue mipaka ya watu anaowaandikia. Kwa Waislamu, kipimo ni maneno ya Mtume Muhammad alipofiwa na mwanawe Ibrahim: jicho linatoka machozi, moyo unahuzunika, wala hatusemi ila linalomridhisha Mola wetu. Machozi yamo, huzuni imo, lawama haimo. Kwa hiyo "kwa nini umetunyang'anya" haina nafasi katika tanzia itakayosomwa kwenye hitima. Kwa Wakristo, zaburi za maombolezo zinaruhusu swali kuelekezwa kwa Mungu waziwazi. Ya 13 inaanza kwa kuuliza hata lini, na ya 88 inaisha gizani bila kufarijiwa. Mtunzi Mkristo anayeharakisha kufika kwenye matumaini kabla ya ubeti wa pili anajinyima kile ambacho kitabu chake kimemruhusu.

Kwa wote wawili, habari za Akhera ziwe dua, zisiwe taarifa. Andika "Mola amlaze pema". Usiandike kwamba ameshafika na amekaa wapi. Na bustani ya Peponi usiifanye nakala ya uani kwenu yenye maua mengi zaidi. Kaa na uani unaoujua, halafu uombe.

Kupanda ili kuandika

Mtunzi ambaye hana mmea wa marehemu aupande. Nasema hivi kwa dhati, kwa sababu uangalizi wa miezi huleta mambo ambayo kumbukumbu ya utotoni haikuyahifadhi.

Asumini hupatikana kwa vipandikizi. Kata tawi lililoanza kukomaa, si lile laini la kijani wala lile gumu la zamani, lenye urefu wa sentimita 10 hadi 15. Ondoa majani ya chini, fukia vifundo viwili ardhini, weka kivulini, na udongo uwe na unyevu bila kutuamisha maji. Mizizi huhitaji wiki nne hadi sita. Ukiona jani jipya mapema usivute kuangalia, maana mizizi michanga hukatika. Pwani, mwanzo wa masika ndio wakati mzuri wa kuhamishia ardhini. Maji yakituama majani huwa manjano kuanzia chini. Ukizidisha samadi utapata majani mengi yenye afya na maua haba. Asumini hutoa maua kwenye machipukizi mapya, kwa hiyo hupogolewa baada ya msimu wa maua kwisha. (Hapa kuna taswira inayojipendekeza kwa kila mtunzi, kwamba kukatwa huleta maua. Ni kweli kwa mmea. Usimwambie mjane.)

Mrehani ni rahisi zaidi. Mbegu zitawanywe juujuu na kufunikwa kwa udongo mwembamba, kwani zikizama hazioti. Zikipata joto na unyevu huchipua ndani ya wiki moja au mbili. Zipe jua. Miche ikifikia jozi tatu nne za majani, kata ncha ili ichanue matawi.

Juu ya kaburi lenyewe, uliza wenye msiba na wazee wa mahali kabla ya kupanda chochote. Kuna hadithi sahihi kwamba Mtume aliweka vipande viwili vya kuti bichi juu ya makaburi mawili, na wanazuoni wamehitilafiana kama jambo hilo lilikuwa lake pekee au ni la kufuatwa. Palipo na shaka, panda uani. Shairi halitapungua.

Kando ya mmea weka daftari. Kila unapomwagilia andika tarehe, saa, na jambo moja uliloliona, lisilozidi mistari miwili: tumba ngapi, jani gani limeungua, upepo wa kusi ulivyolaza matawi upande gani. Usiandike hisia. Baada ya msimu mmoja utakuwa na ghala la taswira ambazo hakuna mwingine anazo, na huzuni utaikuta imeshaingia yenyewe, pengine kwenye siku zile ambazo hukuandika kitu.

Kusomwa

Siku ya mazishi si siku ya shairi refu. Siku hiyo ubeti mmoja au miwili inatosha, na afadhali isomwe na mtu asiye mfiwa wa karibu, maana sauti itakatika. Tanzia kamili ingoje arobaini au kumbukumbu ya mwaka. Beti tano hadi saba ni kiasi kinachobebeka kwa kughani. Zikifika kumi na mbili wasikilizaji huacha kuitikia. Mpe msomaji nakala yenye herufi kubwa, ukwapi na utao vimetenganishwa kwa nafasi, ili ajue pa kuvuta pumzi. Kama kuna kibwagizo, kisemwe mara moja peke yake kabla ya kuanza, watu wakishike.

Ubeti wa mwisho, wa kaditama, kwa desturi hubeba jina la mtunzi, mahali na dua. Katika tanzia jina la mtunzi liwe dogo. Tumia nafasi hiyo kutaja jina kamili la marehemu na la mzazi wake, kama halijatajwa, hata kama litakusumbua mizani. Jina lenye silabi tano au sita lipange mwanzoni mwa ukwapi, ambapo lina nafasi ya kupumua, na usilikate kwa inkisari. Chini ya shairi, nje ya mizani, andika tarehe, mahali na jina la mmea.